Suti ya Kuonana na Serikali

Mzee Thuo alikufa akiwa amevaa suti. Alikuwa amelala chali nyuma ya zahanati aliyoijenga mwenyewe kule Kesses, ngazi ya mbao imemwangukia kifuani, kichwa kimepasuka juu ya sikio la kulia. Damu ilikuwa imeshakauka. Mbuzi watatu walisimama kwenye mlango wa wodi ya kina mama, wanatafuna huku wanamtazama.

Inspekta Aluoch wa upelelezi aliwaona wale mbuzi kabla hajaiona maiti, na papo hapo akakasirika. Jengo zima lilikuwa lao. Zahanati ilikuwa imemalizika miaka minne iliyopita, na vigae vyake na masinki yake na bango la serikali pale mbele, na haikufunguliwa hata siku moja. Idara iliyoagiza ijengwe ilikataa kuipokea, na kwa kuwa haikuipokea, ikakataa kumlipa Thuo, kontrakta wake. Kina mama wa Kesses wakaendelea kujifungulia mbali, na mbuzi wakajifungulia kwenye vigae.

"Hii ni ajali, Madam," alisema mkuu wa kituo, mikono mfukoni. "Mzee alikuwa anapanda kuangalia mabati, ngazi ikateleza. Andika ajali tumalize. Familia wazike mtu wao."

"Nani amesema alikuwa anapanda?"

"Si ngazi hiyo hapo?"

"Na suti?"

Mkuu wa kituo aliitazama suti kana kwamba ndiyo kwanza aione. Ilikuwa ya kahawia, imepigwa pasi vizuri, na tai ya mistari shingoni. "Jana ilikuwa Jumapili," alisema. "Ametoka kanisani."

Aluoch alivaa glavu, akachuchumaa. Ngozi ya kichwa ilikuwa imechanika kwa mstari ulionyooka, na mstari wa pili ukakutana na wa kwanza kwa pembe mraba. Chini palikuwa na nyasi na udongo mwekundu, wala hapakuwa na jiwe hata moja. Kwenye nywele za marehemu kulikuwa na utelezi wa kijani, kama ule wa mtungi usiooshwa.

"Sajenti Kigen, hebu njoo uone."

Kigen alikuwa mtu mzima aliyesukuma wilbaro kwenye mijengo mingi ya Eldoret kabla ya kuwa polisi. Aliinama, akaguna. "Udongo haupasui mtu kwa pembe, Madam."

"Basi nitafutie chenye pembe."

Aliyeikuta maiti ni bawabu, Mzee Kiplimo, mzee mrefu mwenye koti la mvua na redio ndogo mfukoni. Aluoch alimkalisha kwenye gogo.

"Mzee, jana ulikuwa wapi?"

"Kanisani, halafu nyumbani kukamua. Mimi sijalipwa miaka minne, mama. Jumapili ndiyo najilipa mwenyewe."

"Na Thuo huja lini?"

"Kila Jumapili, saa kumi. Anaongeza maji, anakaa kidogo, anaenda."

"Maji ya nini?"

"Ya kyubu zake. Ziko hapo, chini ya bati."

Bati lilifunika nusu pipa lililokatwa kwa urefu na kulazwa kama hori la ng'ombe, hatua nne tu kutoka kwa maiti. Kigen aliliinua. Ndani ya maji kulikuwa na michemraba sita ya zege, kila mmoja mkubwa kama mkate wa duka, imepangwa mistari miwili juu ya vyuma viwili ili maji yapite chini. Mitano ilikuwa ya kijani kwa utelezi wa miaka. Mmoja ulikuwa mweupe, umesuguliwa.

"Hizi ni za nini?" Aluoch aliuliza.

"Ukimwaga konkriti ya msingi, unachota kidogo unajaza kwa moldi, kile kisanduku cha chuma. Ikiwa bado mbichi unaiandika na msumari. Halafu inakaa kwa maji siku ishirini na nane, inapelekwa maabara kuvunjwa, ijulikane nguvu yake." Kigen alikuna kidevu. "Lakini siku ishirini na nane, Madam. Si miaka minne. Huyu mzee alikuwa anazifuga."

Aluoch aliutazama ule mweupe kwa muda. Kona yake moja ilikuwa imemeguka kidogo. Haukuwa umetupwa ndani ovyo. Ulikuwa umelazwa katika nafasi yake, sambamba na wenzake, maandishi yakielekea juu.

"Kigen, wewe ukiua mtu na kitu kama hiki utakifanyia nini?"

"Natupa. Mto si uko hapo chini?"

"Huyu ameuosha, akaurudisha kwenye mstari."

"Basi si fundi," alisema Kigen bila kufikiri sana. "Sisi tulikuwa tunazirusha tu, injinia anatutusi mpaka jioni. Kupanga namna hii ni mkono wa mtu amesomea."

Aliuinua kwa mikono miwili, wakausoma pamoja. Juu kulikuwa na namba yake, nne. Chini ya namba kulikuwa na tarehe, kumi na nne Machi, mwaka ule wa ujenzi. Na chini ya tarehe kulikuwa na herufi mbili, L na M, zilizochongwa kwa msumari na mtu mwenye haraka.

Mkuu wa kituo alikuwa ameshaingia kwenye gari lake. Aliteremsha kioo. "Madam, hao makontrakta wanajinyonga kila mwaka kwa madeni. Hata akiwa hakuanguka, huyo alijiua. Usituletee kesi ya serikali hapa."

"Alijipiga kichwa, afande, halafu akaosha alichojipigia?"

Kioo kilipanda. Aluoch aliutia mchemraba kwenye mfuko wa vielelezo.

*

Nyumbani kwa marehemu, mtaa wa Kimumu, kina mama wa kanisa walikuwa wameshateka jiko. Mjane, Mama Waiyego, alikaa sebuleni na faili mapajani. Lilikuwa nene kama mto wa kulalia, limefungwa kwa kamba ya kiatu.

"Pole sana, Mama. Nina maswali machache."

"Uliza, binti yangu."

"Hiyo suti ya kahawia. Aliivaa kanisani?"

Waiyego alitikisa kichwa. "Kanisani anavaa koti la kijivu. Suti ni ya kuonana na mtu wa serikali. Miaka minne, akienda kortini, suti. Akienda kukaa kwenye benchi lao, suti. Alikuwa anasema ukienda kuwaomba haki yako ukiwa na matope watakuona mwizi."

"Jana alikuwa anaenda kuonana na nani?"

"Hakuniambia. Tulikuwa tunakula, saa saba, simu ikalia. Nikasikia anasema 'Naam, mheshimiwa.' Mara mbili. Halafu akaniambia nimpigie suti pasi. Alikuwa na furaha." Akanywa maji kidogo. "Akatoka na kitabu cha saiti kwenye mfuko wa nailoni."

Aluoch na Kigen walitazamana. Kando ya maiti hapakuwa na mfuko wala kitabu, na simu ya marehemu pia haikuonekana.

"Kitabu hicho kina nini, Mama?"

"Kila siku ya kazi. Nani alikuja, nini kilimwagwa, na sahihi ya injinia wao. Alhamisi tulikuwa tunakipeleka kwa jaji." Alifungua faili, akatoa karatasi yenye mhuri. "Serikali inasema zege lilimwagwa bila mtu wao kuwepo, kwa hiyo ni kazi bure, hailipwi. Soma mwenyewe. Bila kitabu hatuna kitu. Na tukishindwa Alhamisi, benki inaipiga mnada nyumba hii. Nitawapeleka wapi watoto wa binti yangu?"

Aluoch alisoma. Ilikuwa hati ya kiapo. Aliyeapa alisema kwamba tarehe kumi na nne Machi hakuwepo Kesses, wala hajawahi kukanyaga saiti hiyo, na Mungu amsaidie. Chini palikuwa na jina lake kamili: Injinia Lennox Muigai, afisa wa idara.

Aliirudia mara ya pili, kisha akaomba kuipiga picha.

"Mama," aliuliza alipokuwa mlangoni, "mtu akiniambia mume wako alijiua, nimwambie nini?"

Waiyego alimtazama kwa mshangao wa kweli. "Siku nne kabla ya Alhamisi?"

*

Jumanne asubuhi daktari wa upasuaji wa maiti alipiga simu. Pigo lilikuwa moja, zito, la kitu chenye pembe. Ndani ya kidonda kulikuwa na chembe za mchanga na saruji. Marehemu alikufa kati ya saa kumi na saa kumi na mbili jioni. Saa tano kampuni ya simu ikaleta orodha, na namba iliyompigia Thuo Jumapili saa saba ilisajiliwa kwa jina la Lennox Muigai. Jumapili hiyo hiyo jioni, laini hiyo ilikuwa imeshika mnara wa Kesses.

Saa sita Aluoch na Kigen walikuwa ofisini kwa idara, mjini.

Kwenye korido kulikuwa na benchi refu, na kwenye benchi wanaume saba na mwanamke mmoja. Wote walikuwa na faili kwapani. Wote walikuwa wamevaa suti. Zingine zilikuwa zimepauka mabegani, zingine zilinunuliwa mtu akiwa na mwili mkubwa zaidi, lakini zote zilikuwa zimepigwa pasi. Aluoch alisimama pale kati akashindwa kuendelea kutembea.

"Unamngoja nani, Mzee?" alimuuliza aliyekuwa mwisho wa benchi.

"Mimi nilichimba visima," alijibu yule mzee, kana kwamba hilo ndilo jibu. "Korti imeamua mara mbili kwamba nilipwe. Naambiwa mwenye sahihi hayuko."

"Tangu lini?"

"Huu ni mwaka wa sita."

Mwenye sahihi alikuwepo. Alikuwa nyuma ya mlango, anakunywa chai na mandazi, mwanamume mwembamba wa miaka hamsini na tisa, miwani safi, kalamu tatu zimepangwa mfukoni kwa urefu wake.

"Karibuni, karibuni. Nimesikia habari ya Mzee Thuo. Inasikitisha sana."

"Ulimpigia simu Jumapili," alisema Aluoch. Hakukaa.

"Kumjulia hali tu. Tumejuana siku nyingi."

"Mkajuliana hali wapi?"

"Kwa simu. Mimi nilikuwa nyumbani, Elgon View."

"Simu yako ilikuwa Kesses."

Injinia alifuta vidole kwa karatasi, kimoja kimoja. "Mitambo hukosea."

"Mara ya mwisho kufika kwenye ile zahanati ni lini?"

"Sijawahi kuikanyaga saiti hiyo. Imo kwenye hati yangu ya kiapo. Unaweza kuisoma."

Aluoch aliweka picha kubwa mezani, kando ya mandazi. "Na wewe nisomee hii."

Aliinama, akaisogeza miwani. "Namba nne."

"Chini ya namba."

"Tarehe kumi na nne Machi."

"Chini ya tarehe."

Nje kwenye benchi mtu alikohoa. Mkono wa injinia ulienda kwenye kikombe, ukakiacha, ukarudi mapajani.

Kwenye buti la gari lake, chini ya gurudumu la akiba, walikuta mfuko wa nailoni. Ndani mlikuwa na simu ya marehemu na kitabu cha saiti, kimefungwa vizuri kwa gazeti kisiharibike. Ukurasa wa tarehe kumi na nne Machi ulikuwa na sahihi yake, kubwa, kwa wino wa bluu.

"Siku mbili unatembea nacho," alisema Kigen. "Ungekichoma tu."

"Rekodi ya saiti haichomwi," injinia alijibu kwa sauti ya chini. "Ni kosa."

Kigen alienda kando akatema mate.

*

Katika chumba cha mahojiano walikaa watatu. Mchemraba ulikuwa juu ya meza ndani ya mfuko wa vielelezo. Mkemia alikuwa ameshakuta damu kwenye vitundu vyake, mahali ambapo brashi haikufika.

"Anza na simu," alisema Aluoch.

"Nilimwambia nimepata njia ya kumlipa. Aje na kitabu, mimi nisahihishe ripoti yangu, yaishe kabla ya Alhamisi."

"Akaamini."

"Alikuja amevaa tai," alisema injinia, na kwa mara ya kwanza akaangalia chini. "Alinipa kitabu kwa mikono miwili."

"Halafu?"

"Nikamwambia ukweli. Kwamba kitabu nakichukua, na yeye aiondoe kesi, nitamtafutia kazi ndogo ndogo. Akacheka. Akafunua bati, akatoa kyubu moja akaiweka ukingoni. Akasema, chukua kitabu, hii itaongea mbele ya jaji. Nilidhani anasema habari ya nguvu ya konkriti, lakini nikajua kesi haiondoi. Akainama kuokota bati lake."

"Ukampiga."

"Mara moja."

"Ngazi?"

"Ilikuwa imeegemea ukuta."

"Kwa nini hukuitupa hii?" Aluoch aligusa mfuko kwa kalamu. "Mto uko pale chini."

Injinia alimtazama kama mwalimu anayeulizwa swali la kitoto. "Kyubu haitupwi. Ikitolewa kwa maji inarudishwa kwa maji. Niliisugua, nikairudisha mahali pake."

"Ulipoisugua ulitoa utelezi wote. Jina lako likatoka. Hukuliona?"

"Niliangalia namba." Akainamia mfuko. "Miaka ishirini na mbili naandika herufi hizo. Huwa sizioni tena."

Aluoch alikuwa na swali moja tu lililobaki, na alilichukia kabla hajaliuliza.

"Zege lilikuwa baya?"

"Lilikuwa zuri. Thuo alikuwa anajenga vizuri."

"Sasa kwa nini uliapa uongo?"

"Wakubwa walibadilika. Wapya hawakutaka kulipa madeni ya wale wa zamani. Nikaambiwa niseme sikuwepo. Nilikuwa kaimu miaka saba, Inspekta. Nilipoapa, wiki iliyofuata nikathibitishwa kazini. Nikapewa ofisi yenye zulia."

"Zulia," alisema Aluoch.

"Kitabu kikifika kortini ningefutwa kwa uongo. Nimebakisha miezi kumi na mmoja nistaafu. Ningepoteza pensheni." Sasa alikuwa anaongea haraka, anataka aeleweke. "Wewe hujui. Mtu akifutwa anaambiwa akashtaki. Mimi nimekaa ndani ya ofisi hiyo, nawajua. Hawalipi mtu. Ningekaa kwenye lile benchi na faili kwapani mpaka nife, nawaamkia vijana wa kaunta. Nimewaona wale watu kila asubuhi. Ningefanya chochote nisiwe mmoja wao."

"Na ni nani aliyewakalisha pale?"

Injinia alikuwa anautazama mchemraba ndani ya mfuko wake. "Unakauka," alisema. "Ungeuweka kwa maji."

Aluoch aliinuka, akafungua dirisha, akasimama pale akivuta hewa ya lami na mvua. Alitaka kunawa mikono. Sheria haimruhusu mpelelezi wa kesi kuandika ungamo la mshukiwa wake, kwa hiyo alimwita inspekta mwingine aliandike, mbele ya ndugu ambaye injinia alimchagua mwenyewe. Kisha akafungua kitabu cha matukio ya kituo, na pale mkuu alipoandika ajali, akaandika mauaji.

*

Alhamisi, wakili wa serikali alisimama mahakamani akiwa amekunja uso wa huzuni.

"Mheshimiwa Jaji, tunaomba kesi iahirishwe. Mdai amefariki, na kitabu anachotegemea hakijaletwa. Isitoshe shahidi wetu mkuu, Injinia Muigai, hapatikani."

"Hapatikani wapi?" aliuliza jaji.

Aluoch alisimama nyuma kabisa. "Yuko seli yetu, Mheshimiwa. Na kitabu ninacho mimi."

Alikipeleka mbele kwa mikono miwili, pamoja na picha ya mchemraba na nakala ya ungamo. Jaji alisoma muda mrefu. Alivua miwani, akamtazama wakili wa serikali, na wakili akaanza kupanga karatasi zake ambazo zilikuwa zimeshapangwa. Kabla ya saa sita uamuzi ulikuwa umetoka. Mama Waiyego aliruhusiwa kushika nafasi ya mumewe, utetezi wa idara ukatupwa, na deni lote likaamriwa kulipwa, pamoja na riba.

Nje, Waiyego alimshika Aluoch mkono, hakuuachia.

"Sasa watalipa?"

Aluoch alimkumbuka yule mzee wa visima, aliyeshinda mara mbili. Alitaka kusema ndiyo, akaona aibu kana kwamba yeye ndiye aliyekuwa na deni.

"Amri iko, Mama," alisema. "Itabidi upate nakala yenye mhuri, uwapelekee."

"Wapi?"

"Ofisini kwao. Kuna benchi kwenye korido."

Waiyego aliitikia kwa kichwa. Alilifunga faili kwa ile kamba ya kiatu, akaliweka kwapani, akajitazama chini kuanzia kifuani mpaka viatuni. Alikuwa na leso ya msiba na sweta ya kijani.

"Basi nitarudi nyumbani kwanza," alisema. "Siwezi kwenda kwao hivi."